Maskini Anayestahili

Nilifanya kazi miaka minne katika maktaba ya shule moja ya mtaala wa Kiingereza huko Al Qusais, Dubai. Kwenye karatasi nilikuwa msaidizi wa maktaba. Kazi yenyewe ilikuwa kila kitu ambacho walimu hawakutaka kukifanya: kufunika vitabu, kutoa kopi, kukata, kubandika, na kuwanyamazisha watoto wa matajiri kwa sauti ya upole wazazi wao wasije wakalalamika. Nilitoka Mombasa na diploma yangu ya ukutubi, nikapata kazi hiyo na viza yake, nikashukuru. Nataka lijulikane mapema kwamba nilikuwa mtu wa kushukuru. Kushukuru huko ndiko kulikonitia woga.

Mwaka wangu wa nne, mwalimu wa historia alinijia na karatasi mkononi. Alikuwa Mwingereza wa kaskazini, mtu mzima aliyekaribia kustaafu, mrefu, shati halikubali kukaa ndani ya suruali. Walimu walioniambia "tafadhali" hata tukiwa wawili tu walikuwa wachache, naye alikuwa mmoja wao. Alikuwa anaanza kufundisha darasa la kumi historia ya umaskini nchini kwake, na sheria zilizotungwa ili kuwasaidia maskini au kuwaadhibu. Nilipokuja kuzisoma sikuuona mpaka kati ya hayo mawili.

Alitaka nimtengenezee kadi. Kila kadi ilikuwa na mtu: mjane mwenye watoto wanne, mzee kipofu, mfumaji aliyenyang'anywa kazi na mashine, askari wa mguu mmoja, mlevi, msichana mjamzito asiye na mume. Wanafunzi wangekaa kwenye meza kama baraza la Walezi wa Maskini, wamsikilize kila mtu wa kadi, kisha waamue: anastahili msaada au hastahili.

"Watafurahia sana," aliniambia.

Nilizichapa, nikazikata, nikazitia plastiki kwenye mashine ya moto. Na kwa kuwa mimi ni mtu asiyeweza kukata karatasi bila kuisoma, nikasoma. Kisha nikachukua vitabu vyake viwili nikavisoma wakati wa chakula cha mchana, siku baada ya siku, na kila siku chakula kilizidi kunishinda.

Nilidhani nitasoma habari za sadaka. Nilisoma kwamba mwaka 1601 waliandika sheria iliyozitaka parokia, yaani kila eneo na kanisa lake, ziwalishe maskini wao kwa kodi ya wenye mali. Hilo nililiona jema. Halafu nikafika kwenye neno "wao". Maskini alikuwa wa parokia aliyozaliwa au iliyomtambua. Akikutwa kwingine na dalili kwamba siku moja ataomba, aliweza kuchukuliwa na kurudishwa kwao. Hakuhitaji kuwa ameomba, ilitosha kuonekana kwamba huenda ataomba. Wasimamizi wa maskini waliwapandisha wajawazito kwenye mikokoteni wakiwa katika uchungu na kuwakimbiza nje ya mpaka, ili mtoto azaliwe kwa jirani na jirani ndiye amlishe. Palikuwa na wakati ambapo aliyepokea msaada alishonewa kitambaa begani chenye herufi ya neno maskini na herufi ya parokia yake, atembee nacho sokoni na kanisani.

Mwaka 1834 walikaa wakaona kwamba hayo yote yalikuwa huruma kupita kiasi. Wakajenga nyumba za kazi. Ukitaka msaada, uingie humo. Mume upande huu, mke upande ule, watoto upande wao. Unavua nguo zako, unavaa sare, unapasua mawe au unachambua kamba kuukuu mpaka kucha zing'oke. Walizifanya mbaya kwa makusudi. Waliandika waziwazi, kwa mwandiko mzuri wa watu waliosoma, kwamba maisha ya ndani lazima yawe mabaya kuliko ya kibarua wa chini kabisa wa nje, asije mtu akatamani kusaidiwa. Na aliyefia humo akakosa ndugu wa kumchukua, maiti yake iliweza kupewa madaktari wajifunzie.

Nilimuuliza yule mwalimu, "Sir, sheria hizi zilivuka bahari?"

"Kwa namna gani?"

Nikamweleza habari za babu yangu mzaa mama. Alikamatwa Mombasa enzi za ukoloni, kijana mwenye afya, kosa lake kuonekana barabarani bila mwajiri. Uzururaji. Akalala ndani wiki mbili, kisha akarudishwa Kwale kama mbuzi aliyepotea zizi. Mpaka anakufa alikuwa akitembea mjini harakaharaka, kama mtu anayesubiriwa mahali.

Mwalimu akasema, "Ndiyo. Ile ilikuwa sheria yetu."

Akaandika kitu kwenye daftari lake. Nilijisikia vibaya. Nilimpa babu yangu, naye akamfanya somo.

Sasa nimtaje mwenzangu, maana habari hii ni yake.

Alikuwa Mdigo wa Kwale, umri wake kama wangu, mwenye mwili mwembamba na kicheko kikubwa kuliko mwili. Alikuja Dubai kufanya kazi za nyumbani, akamaliza mkataba wake wa miaka miwili, kisha akaajiriwa na kampuni ya usafi iliyoipatia shule yetu wafanyakazi. Ghorofa ya maktaba ilikuwa yake. Kila siku baada ya watoto kuondoka alipiga deki, mimi napanga vitabu, tunaongea Kiswahili kwa sauti tuliyoizuia mchana kutwa. Alikuwa na watoto wawili kwa mama yake. Mume, yeye ndiye aliyemwacha, kwa hiari yake, na hakulificha hilo wala hakuliombea radhi.

Alhamisi moja, saa tisa na nusu alasiri, nilikuwa mlangoni mwa maktaba. Lifti ya mizigo ilikuwa mbovu wiki ya pili, na wasafishaji walikatazwa kupanda ile ya wazazi. Kwa hiyo alikuwa akishuka ngazi za nyuma na ndoo ya maji imejaa. Nilimwona anageuka kunisemesha. Mguu uliteleza. Ndoo ilitangulia, yeye akaifuata, na alipoacha kuporomoka, mkono wa kulia ulikuwa chini yake umekunjika mahali ambapo mkono hauna kiungo.

Nilimshikilia kichwa mpaka msimamizi wake alipokuja. Hakulia. Aliniambia tu, "Dada, maji yamemwagika yote, mtu asije akaanguka."

Wiki iliyofuata kampuni iliandika kwamba aliteleza akiwa amemaliza kazi, akielekea kwenye basi, amevaa ndala. Kwa hiyo hakuumia kazini, na kwa hiyo halikuwa jukumu lao. Alitiwa plasta mara moja, wakaifuta viza yake, na kitanda chake katika nyumba ya wafanyakazi kikapewa mwingine. Alikuwa na siku thelathini za kuondoka nchini.

Kazi yake ilikuwa inakwisha saa kumi. Hakuvaa ndala, alivaa viatu vyeusi vya mpira ambavyo kimoja chake nilikivua mimi mwenyewe pale chini ya ngazi. Niliyajua haya yote. Siku iliyofuata ajali, ofisi ilitutumia ujumbe kwamba atakayeulizwa lolote kuhusu tukio la ngazini amwelekeze muulizaji ofisini. Nami nikamwelekeza kila aliyeniuliza. Hata yeye aliponipigia simu kuniuliza kama nimesikia kampuni inasema nini, nilimwambia, "Subiri kwanza, inshallah watarekebisha." Nilitumia jina la Mungu kufunika woga wangu.

Tulikuwa na chama cha watu wa pwani: Wamombasa, Wakwale, Walamu, na Wazanzibari wachache wakongwe wa Dubai. Tulikutana Ijumaa moja kila mwezi mtaa wa Al Mankhool, nyumbani kwa bi mkubwa mmoja mzaliwa wa Unguja aliyeletwa huku akiwa msichana na wazazi wake. Mwenyekiti alikuwa mfanyabiashara wa vipuri vya magari, mtu wa Mombasa, mkarimu mbele za watu. Mimi nilikuwa katibu. Tulizika, tuliozesha, tulisafirisha wagonjwa. Sisemi chama hakikuwa na faida. Nasema kilikuwa na fomu.

Fomu niliitunga mimi. Nilikuwa nimeichapa maktabani kwa herufi nzuri na kuionea fahari. Mwombaji ametoka wapi? Nani anamjua? Ana mume? Anahudhuria dua? Amewahi kukimbia kazi? Amewahi kusaidiwa kabla?

Ijumaa ya mwezi ule mwenzangu akaja. Alivaa baibui jeusi la kuazima, refu kumshinda, mkono umening'inia shingoni kwa kitambaa cha maua. Aliketi kwenye kiti cha pembeni, kile tunachomkalisha anayeomba. Sikuwahi kugundua kwamba tulikuwa na kiti hicho.

"Karibu, dada," alisema mwenyekiti. "Katibu atakuuliza machache, ni utaratibu tu."

Nikamuuliza. Mimi niliyemshika kichwa, nilimuuliza ametoka wapi.

Alinitazama kwanza, kisha akajibu. "Kwale."

"Nani anakujua?"

"Wewe unanijua."

Baadhi walicheka. Nikaandika.

"Mume?"

"Nilimwacha."

"Ulimwacha au alikuacha?" aliingilia mwenyekiti.

"Nilimwacha. Alikuwa anapiga."

"Talaka ya kadhi ipo?"

"Ami, mimi nimevunjika mkono."

"Tunauliza tu. Watu wanatoa walicho nacho, lazima tujue kinakwenda kwa nani. Na tumesikia ulimkimbia madam wako wa kwanza."

"Nilimaliza mkataba wangu. Miaka miwili kamili. Nani amesema nilikimbia?"

Hakuna aliyesema nani amesema. Kijana mmoja mlinzi alikuwa anaangalia simu. Bi mkubwa alikuwa amekaa karibu na birika, mikono mapajani, kimya.

Mwenyekiti akakohoa. "Sawa. Rai yangu, tumtafutie tiketi, arudi kwao. Kwao kuna watu wake. Hapa atakaa kwa nani?"

"Sikuja kuomba tiketi," akasema mwenzangu. Alisema polepole, kama mtu aliyelifanyia mazoezi neno lake njia nzima. "Nataka mtu mmoja anayejua Kiingereza au Kiarabu, twende naye ofisi ya kazi. Kampuni imeandika uongo. Na nataka aliyeona, aseme aliona."

Hakunitazama aliposema hivyo. Laiti angenitazama. Aliniachia nafasi nijitokeze mwenyewe, na mimi nikaitazama fomu yangu, nikatafuta ni swali namba ngapi linalohusika na jambo hilo. Halikuwepo.

"Mambo ya ofisi ya kazi ni ya serikali," mwenyekiti alisema. "Sisi wageni hapa. Tukianza kuwafikisha watu kwa serikali, kesho chama hakipo. Chukua tiketi, mama. Siku ya baraza la Idi utasimama useme asante, tupige picha iende kwenye kundi, watu waone msaada wao umefika. Khalas."

"Nipigwe picha na plasta?"

"Si aibu. Ni ushahidi."

"Ushahidi ndio niliokuja kuomba," akasema. Akasimama, akajifunga baibui kwa mkono mmoja wa kushoto, kazi iliyomchukua muda mrefu, na sote tulikaa tukimtazama. "Kwetu nitashika jembe kwa mkono gani? Asanteni kwa chai."

Chai hakuwa ameigusa.

Mlango ulipofungwa, mwenyekiti aliniambia, "Andika amekataa msaada. Andika hastahili, ili wasituulize baadaye."

Nikaandika. Kwa mwandiko mzuri wa mtu aliyesoma.

Jumapili, siku ambayo wiki ya kazi ilianza huko wakati ule, mwalimu wa historia aliniomba niwe darasani kugawa kadi. Nilisimama nyuma. Meza zilipangwa mabaraza matano, na kila baraza lilikuwa na mwenyekiti wake. Watoto walifurahia kweli, kama alivyosema. Walimfukuza mlevi kwa shangwe. Mjane walimpa mkate baada ya kumuuliza kwa nini alizaa wanne. Walipofika kwa msichana mjamzito, binti mmoja hodari wa kusema, mwenyekiti wa baraza lake, alisimama, nywele zimebanwa vizuri, akatangaza:

"Arudishwe alikozaliwa. Tukimsaidia huyu, kesho watakuja kumi."

"Na mtoto?" mwalimu aliuliza.

"Azaliwe huko huko."

Darasa likacheka. Mwalimu akawauliza wangapi wanaunga mkono. Mikono yote ikanyanyuliwa.

Sijui kama mtu anaweza kuwakasirikia watoto wa miaka kumi na minne kiasi kile. Nilijua hawakuwa na kosa, walikuwa wakicheza walichoambiwa wacheze. Nilichokiona kilikuwa sisi, Al Mankhool, Ijumaa. Nilisikia sauti yangu inatoka, kwa Kiingereza, kali kuliko nilivyokusudia.

"Hakuna hata mmoja wenu aliyemuuliza anataka nini."

Vichwa vikageuka. Msaidizi wa maktaba hana sauti darasani.

"Mmemuuliza alizaliwa wapi, ana mume nani, anaenda kanisani au haendi. Hamkumuuliza anataka nini. Mwanamke aliyekuwa akipiga deki ghorofa hii amevunjika mkono kwenye ngazi zile pale nyuma, akiwa kazini, na ndoo mkononi. Mlijua?"

Hapo msichana mmoja wa mbele akasema bila ubaya wowote, "Aa, ndiyo maana siku hizi yuko yule mwingine."

Niliziweka kadi zilizobaki juu ya meza nikatoka.

Mwalimu alinifuata maktabani baada ya kipindi. Alikuwa mwekundu shingoni. Aliniambia kwamba mama wa bibi yake alizaliwa ndani ya nyumba ya kazi, na kwamba familia yao ililificha jambo hilo mpaka yeye mwenyewe alipolifukua kwenye makaratasi. Akaniambia jambo jingine ambalo sikuwa nimelifikia kitabuni: kwamba chini ya ile sheria ya zamani, kabla ya nyumba za kazi, maskini aliyenyimwa na msimamizi aliweza kwenda kwa hakimu kulalamika, na mara nyingine hakimu alimwamuru msimamizi atoe. Zipo barua nyingi za maskini waliojua kuandika kidogo tu, wanadai haki yao kwa maneno makali.

"Hawakuwa wanaomba," alisema. "Walidai. Kimojawapo cha vitu ambavyo sheria mpya ilivibana ni hicho."

"Basi njoo nami ofisi ya kazi," nikamwambia. "Ulikuwa ghorofa hii siku ile. Lifti mbovu uliiona, ulilalamika kwa sababu ya vitabu vyako. Sema hilo tu."

Alivua miwani akaifuta. "Lazima uwe mwangalifu. Viza yako ni ya shule."

"Najua viza yangu ni ya nani. Nakuuliza wewe."

"Nimebakiza miezi minane nistaafu," akasema.

Nilimchukia dakika ile kuliko mwenyekiti, na nikifikiri leo nadhani nilimwonea, maana mwenyekiti na yeye na mimi tulikuwa meza moja. Lakini yeye ndiye aliyejua. Yeye ndiye aliyekuwa analipwa kujua. Alizikariri dhuluma za miaka mia nne kwa tarehe zake, na moja ya wiki tatu zilizopita, kwenye ngazi alizozipanda kila siku, ikamshinda.

Alasiri ile ile naibu mkuu wa shule aliniita ofisini. Alikuwa mwanamke mtaratibu, aliyenipa maji kabla ya kunionya.

"Hatuwasumbui wanafunzi kwa mambo ya makampuni ya nje," aliniambia.

"Madam, aliumia hapa."

"Kwa taarifa tuliyo nayo, alikuwa amemaliza kazi."

"Mimi nilikuwepo."

"Fikiria vizuri kabla ya kulirudia hilo," akasema. Hakupaza sauti. Heri angepaza.

Nilitoka pale, nikapanda metro kurudi chumbani kwangu, na njiani simu ikalia. Alikuwa bi mkubwa wa Al Mankhool.

"Mwanangu," alisema, "Ijumaa ile nilinyamaza, na tangu siku hiyo silali. Yule mtoto wa watu yuko wapi?"

"Sijui, bibi."

"Hujui? Katibu mzima hujui? Basi mimi nimeuliza. Yuko Rashidiya, kwa watu wa kijijini kwao, analala jikoni kwao. Yalla, kesho nipitie twende. Kiarabu ninacho, wewe Kiingereza unacho. Na mimi nimesikia kwamba wewe uliona."

Sikuuliza amesikia kutoka kwa nani. Nikasema, "Niliona."

"Basi kwa nini ulikuwa unamuuliza habari za mume?"

Bi mkubwa hakungoja jibu, akakata simu.

Rashidiya tulimkuta ameketi juu ya ndoo iliyofunikwa, anamenya vitunguu kwa mkono mmoja, kitunguu amekibana kwa goti. Watu waliompokea walikuwa saba katika vyumba viwili, nao walikuwa wamempa walichokuwa nacho, yaani sakafu ya jikoni, bila fomu. Alinyanyuka akamwamkia bi mkubwa, "Shikamoo, bibi." Mimi hakuniamkia.

"Nimekuja," nikasema. "Twende ofisi ya kazi. Nitasema nilichokiona."

"Leo umekumbuka?"

"Sikusahau. Niliogopa."

"Na mimi je? Unadhani mimi sikuogopa? Unadhani watu wa kukaa kwenye kile kiti hawaogopi?" Kisu kilikuwa bado mkononi. "Miaka miwili nikipiga deki miguuni pako. Ulinijua mimi na watoto wangu kwa majina. Halafu unaniuliza, nani anakujua!"

Bi mkubwa akasema, "Mwanangu, mtukane njiani. Ofisi inafunga mchana."

Na kweli alinitukana njiani. Nilistahili kila neno.

Ofisini tulikaa siku mbili. Siku ya kwanza karani hakutuona, macho yake yalipita juu yetu kama upepo. Siku ya pili bi mkubwa alitangulia mbele na abaya lake zuri, akamsalimia kwa Kiarabu cha watu wa hapa, akamuuliza habari za familia yake, na karani akasimama. Nilifurahi na nikakasirika kwa pumzi moja. Neno lilikuwa lile lile, mkono ni ule ule uliovunjika, kilichobadilika ni mdomo tu.

Nilieleza niliyoyaona: saa, ngazi, ndoo, lifti, viatu. Nikaandika kwa mkono wangu na kutia sahihi. Bi mkubwa alitafsiri. Mwenzangu aliongeza mambo mawili niliyoyasahau, kwa sauti kavu, akiangalia ukuta.

Kampuni iliitwa. Mwakilishi wao alikuja na faili, akaisoma karatasi yangu, akaomba muda. Siku chache baadaye, kabla shauri halijaenda mbele, walikubali kwamba aliumia kazini. Mfupa ulikuwa umeunga vibaya, ikabidi wamfanyie operesheni, na walilipa yote pamoja na fidia ambayo sheria ilimpa. Si huruma ya mtu. Sheria ilikuwepo tangu mwanzo. Kilichokosekana kilikuwa mtu wa kusema, "Niliona," naye alikuwa kwenye maktaba yenye kiyoyozi akikata kadi.

Ijumaa ya mkutano uliofuata nilikwenda kwenye chama nikasema tuichome fomu. Mwenyekiti alisema nina jazba. Akasema bila maswali tutaliwa na matapeli. Nikamuuliza tangu tuanze ametokea tapeli gani. Hakumtaja hata mmoja. Kura ikapigwa, tukawa watatu: mimi, bi mkubwa, na yule kijana mlinzi aliyekuwa akiangalia simu, ambaye sikumtegemea. Wengine wote walitaka fomu ibaki. Nikaacha ukatibu siku hiyo.

Mwisho wa mwaka wa masomo shule haikuniongezea mkataba. Hawakutaja sababu, waliniandikia barua nzuri ya kunitakia heri. Mwalimu wa historia alistaafu muhula huo huo. Alifika maktabani kuniaga, akiwa amefika mwisho wa somo lake: mwaka 1948, sheria za maskini zikafutwa rasmi, wanafunzi wakaandika daftarini, wakafanya mtihani, wakafaulu. Alininyooshea mkono, nikaupokea. Sikuwa na la kumwambia ambalo hakulijua.

Mwenzangu aliondoka mapema zaidi, mwezi wa nne, plasta imetolewa na mkono haunyooki hadi mwisho. Nilimsindikiza uwanja wa ndege kwa sababu bi mkubwa alikuwa anaumwa na hapakuwa na mwingine mwenye nafasi. Teksi ilipofika alishusha begi mwenyewe kwa mkono wa kushoto.

"Nakushukuru kwa kuja ofisini," akasema. "Nasema kweli, nakushukuru. Bila wewe nisingepata kitu."

"Nilichelewa."

"Ulichelewa. Wiki tatu nimelala jikoni kwa watu, mtoto wao akiamka kunywa maji ananiruka kichwa. Na yale maswali sijakusamehe. Labda baadaye. Sijui."

"Najua," nikasema.

"Jua tu."

Nilitaka kumsaidia begi mpaka kwenye foleni. Akalisogeza upande wake wa pili, akaniachia salamu nimpelekee bi mkubwa, kisha akaingia kwenye mstari nyuma ya familia moja yenye masanduku mengi, akasimama wima kama mtu mwingine yeyote mwenye tiketi yake.